Nilivyomrudishia mwenye nyumba pilau lake

Jamani mimi kitakachoniponza ni sanaa. Kuna msanii wa Marekani, Bruce Conner, mwaka 1958 alitoa filamu ya dakika 12 na hakushika kamera, kaungaunga vipande vya filamu za watu basi. Na mimi kamera sina, nikasema hii ndo saizi yangu.

Nikaenda Karume kwa jamaa anayeuza deki mbovu na rimoti yatima, nikakuta boksi la mikanda ya VHS, harusi tupu za miaka ya tisini. Elfu kumi boksi zima, na akanishukuru. Sasa mikanda imeota ukungu mweupe, si unajua joto na unyevu wa Dar, ukiichomeka hivyohivyo ukungu unahamia kwenye hedi za deki halafu kila mkanda unaofuata nao unaambukizwa. Wiki nzima nafungua skrubu tano tano, nafuta kwa pamba na spiriti, taratibu kama naogesha kichanga.

Kwenye harusi moja nikampata kijana wa suti ya kaunda anakula pilau, mkono wa kushoto umetulia zake begani kwa dada wa gauni la manjano. Nikamrudisha kinyumenyume: anajitoa pilau mdomoni, analipanga kwenye sahani, tonge kwa tonge. Nikarudia mara arobaini. Kazi nikaipa jina "Muda" (msicheke).

Siku ya kuonyesha ni hapohapo uani ninapopanga, Magomeni. Shuka jeupe kwenye kamba ya nguo, projekta ya kuazima, watoto kwenye mkeka, baba mwenye nyumba na mkewe nikawapa viti vya mbele kabisa, heshima.

Mara ya kwanza watoto hoi kwa kicheko. Mara ya tano mzee anakohoa. Kama ya kumi hivi mama mwenye nyumba akasogeza kiti, "Mwanangu, hebu simamisha hapo." Nikasimamisha, moyoni nasema leo nimepata mtu anayeelewa sanaa. Kumbe mwenzangu anasoma tarehe pale pembeni, si mnakumbuka zile kamera zilikuwa zinaandika zenyewe, 12.8.1995.

"Baba watoto, hii si ndo Jumamosi uliyokuwa Mtwara msibani?"

Kimya. Mzee akainuka akazime projekta, akasimama katikati ya mwanga, na kavaa kanzu nyeupe, basi yule kijana akahamia tumboni kwake. Mimi kwa kiwewe badala ya kuzima nikabonyeza iendelee. "Babu anatapika wali kwa tumbo!" watoto wakapiga kelele, na mama yuko palepale, "Acha iende, nimwangalie huyo wa manjano vizuri."

Usiku huohuo mzee akanigongea, anataka kodi ya miezi sita mkupuo. Asubuhi kagonga mama, ana flashi mkononi.

"Niwekee yote. Ila hiyo sanaa yako itoe, aende mbele."