PS (katibu wa wizara) kuitwa kortini juu ya pensheni ya mjane, ni kuonewa?

Kila ikisikika kwamba PS ameitwa kortini aeleze kwa nini asifungwe, eti mjane fulani hajalipwa pensheni ya marehemu mumewe, wapo watakaosema majaji wamezidi. Na si wajinga. PS halipi kutoka mfukoni mwake, pengine deni lenyewe alilikuta hapo ofisini, na jaji mwenyewe hawezi kumfunga mpaka ithibitishwe alijua amri ipo na akaipuuza makusudi, tena kwa ushahidi mzito kuliko ule wa kesi ya kawaida ya kudaiana.

Sawa, lakini mama afanye nini? Mimi ukinishtaki ukashinda, unaniletea dalali anabeba viti na tivii. Serikali ya Kenya huwezi kuipelekea dalali, kifungu cha 21(4) cha ile sheria ya kesi dhidi ya serikali kimekataza. Kwa hiyo anachukua cheti cha korti kinachoonyesha anachodai, anapeleka ofisini, kimya, anarudi kortini kuomba amri ya kumlazimisha PS alipe, kimya tena, na nauli ni yake na wakili ni wake, ndio sasa anafikia kumshtaki PS kwa kudharau korti. Huo mlango mnaotaka ufungwe ndio uliobaki.

Halafu kuna hii miaka mitano, hainitoki akilini. Kwa ile Sheria ya Pensheni ya zamani, pensheni ya wategemezi wa mtumishi wa serikali inaenda miaka mitano tu baada ya kifo. Sasa mtoto aliyekuwa fomu wani babake akifariki, mkivutana miaka mitano atakuwa ameshatoka shule, kama hakufukuzwa kwa sababu ya karo akiwa fomu ya pili. Ndiyo, malimbikizo atalipwa siku moja kwa mkupuo, lakini kwa hizo pesa utamrudisha mtu mzima fomu ya pili?

Wanaosema bajeti haitoshi nao wanasahau kitu. Pensheni haigombanii pesa na barabara za wizara, kisheria inatoka moja kwa moja kwa Mfuko Mkuu wa taifa (Consolidated Fund), kulekule kunakotoka pesa za madeni ya nje. Deni la nje la Eurobond la dola bilioni 2 lilipokuwa linafika siku ya kulipwa Juni 2024, serikali ilihangaika ikakopa kwingine mapema mwaka huohuo ili isichelewe. Mwenye bondi hakuambiwa faili limepotea (hii ya faili kila mstaafu anaijua).

Bunge lilijaribu kuwapa maafisa nafuu, sheria ya 2016 ya kudharau korti ikataka wapewe notisi ya siku 30 kwanza kabla ya kushtakiwa, Mahakama Kuu ikaitupa sheria yote Novemba 2018. Mimi hiyo notisi singeipinga sana, siku 30 kwa mtu aliyengoja miaka si kitu. Na kumfunga PS kweli hakuchapishi pesa, hapo wanaomtetea wako sahihi, bora korti imwambie alete ratiba ya malipo yenye tarehe, na riba iendelee kuhesabika, jela ibaki kwa anayekaidi hata ratiba aliyoandika mwenyewe.

Ila ukiondoa tishio lote unabaki na yale ya walimu waliostaafu kati ya 1997 na 2003. Korti ya Nakuru iliwapa ushindi kwenye kesi ya pensheni yao 2008, walikuwa kama 52,000. Wengi wao waliendelea kungoja na hukumu yao mkononi, na wengine wamezikwa nayo.