Ndoa ya mseto Ujerumani: figo zikifeli, nani ana sauti?

Nyumbani mtu akilazwa, ukoo mzima unalazwa naye. Shangazi analeta uji, mdogo wake anasinzia kwenye benchi nje ya wodi, mjomba anafungua kundi la michango, na daktari akitoka anakuta watu kumi wamesimama wanasubiri jibu. Huku Ujerumani daktari anamwita mgonjwa mwenyewe, anamweleza kwamba uwezo wa figo zake umeshuka chini ya asilimia 15, kisha anamuuliza nani mwingine aambiwe. Mgonjwa akisema hakuna, hata mama mzazi akipiga simu kutoka Moshi hapati neno. Tusimlaumu muuguzi aliyepokea simu. Kutoboa siri ya mgonjwa ni kosa la jinai huku, kifungu cha 203 cha sheria ya adhabu.

Katika ndoa ya Mtanzania na Mjerumani, hapo ndipo mpasuko unapoanzia. Wa nyumbani wanasema mkwe anatuficha. Mkwe anasema hawa wanampigia mgonjwa simu 40 kwa siku, hawamwachi apumzike. Kila upande unapenda, na kila upande unaona mwenzake hana upendo.

Msimamo wangu ni huu: sheria ya huku inampa mwenza sauti, na ni sawa apewe. Lakini mwenza anayeitumia sauti hiyo kumfungia mlango mama mkwe anajikata mguu, maana siku figo ikihitajika, huenda ikatoka kwa hao hao aliowafungia.

Tuanze na hiyo sauti. Tangu tarehe 1 Januari 2023, mke au mume anaweza kuamua mambo ya matibabu kwa niaba ya mwenzake aliyepoteza fahamu au asiyeweza kujieleza. Daktari anajaza fomu kueleza hali hiyo ilianza lini, mwenza anasaini, na haki hiyo inadumu miezi sita tu. Haigusi akaunti ya benki. Haifanyi kazi kama mmetengana, wala kama mgonjwa alishampa mtu mwingine mamlaka. Na inawahusu waliooana kisheria peke yao. Kwetu Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 160, inawachukulia watu walioishi pamoja miaka miwili au zaidi na kujulikana kama mke na mume kuwa wameoana, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Huku dhana hiyo haipo. Mmekaa nyumba moja miaka minane bila cheti? Kwa haki hii wewe ni mgeni.

Kwa hiyo andikeni Vorsorgevollmacht, yaani hati ya kumpa mwenzako mamlaka ya kuamua kwa niaba yako, mapema, wote wawili, mkiwa wazima. Kwa mambo ya afya si lazima kwenda kwa mthibitishaji. Karatasi iliyosainiwa inatosha, ila itaje waziwazi kwamba mamlaka hayo yanafika hadi kwenye upasuaji na matibabu ya kuhatarisha maisha. Wengi huacha sentensi hiyo, na karatasi inakwama siku inapohitajika. Benki mara nyingi hutaka fomu yake yenyewe. Halafu ongezeni jambo ambalo Wajerumani wengi hawalifikirii: ruhusa ya maandishi kwa ndugu mmoja wa nyumbani, kwa jina kamili na namba ya simu, apewe taarifa na madaktari. Apewe taarifa tu, uamuzi ubaki kwa mwenza. Huyo mmoja awe msemaji wa ukoo na apigiwe siku maalumu kila wiki. Simu 40 zitapungua zenyewe, kwa sababu watu wana pa kuuliza.

Upande wa pili wa sauti ni mahari. Cheti cha bomani kinaweza kuwepo, lakini kama mshenga hakwenda, kwa wazee wengi ndoa bado haijakamilika, na ugonjwa ukiingia mkwe anazungumzwa kama mpita njia. Mjerumani haoni hatari hiyo kwa sababu hajawahi kuelezwa. Yeye anadhani mahari ni kununua mtu. Mtu wetu ndiye mwenye wajibu wa kumfafanulia. Mahari ndogo iliyopelekwa kwa heshima ina nguvu kuliko fedha nyingi zilizotumwa kwa simu bila mtu. Na amfundishe kuamkia shikamoo, na kumwita mama mkwe "Mama". Kule kwao kumwita mkwe kwa jina lake la kwanza ni ukaribu. Kwetu ni kumvunjia heshima mbele za watu.

Sasa mashine. Kusafisha damu ni mara tatu kwa wiki, kwa muda wa saa nne hadi tano kila mara, mchana au usiku. Kabla ya hapo daktari wa upasuaji anaunganisha ateri na vena mkononi ili mshipa unenepe na kustahimili sindano. Unahitaji wiki kadhaa kukomaa. Mkono huo haupimwi presha, hautolewi damu ya vipimo, haubebi ndoo wala begi zito. Kitaalamu kiungo hicho kinaitwa fistula, na hapa nawaomba sana: mnapoeleza nyumbani msiseme "amewekewa fistula". Kwetu neno hilo limezoeleka kwa jeraha la uzazi, na kama mgonjwa ni mke, taarifa itafika kwa mawifi ikiwa na maana nyingine kabisa. Semeni mshipa wa mashine.

Pesa nayo inasemwa vibaya. Nyumbani wanasikia "bima inalipa" na kushangaa kwa nini ada za wapwa hazitumwi. Ni kweli matibabu yanalipwa. Hospitali mgonjwa anachangia euro 10 kwa siku, mwisho siku 28 kwa mwaka. Kinachopungua ni mshahara. Mwajiri analipa kamili wiki sita. Baada ya hapo bima inalipa asilimia 70 ya mshahara kabla ya makato, lakini si zaidi ya asilimia 90 ya kile kilichokuwa kikifika mkononi, hadi wiki 78 ndani ya miaka mitatu kwa ugonjwa ule ule, zikiwemo zile sita. Aliyekuwa na euro 3,000 kabla ya makato na 2,000 mkononi anabaki na 1,800, na zikikatwa pensheni na michango mingine inakuwa karibu 1,570. Pengo la zaidi ya euro 400 kila mwezi ndiyo ile ada. Waelezeni kwa hesabu hii, kwa shilingi. Ukimya unazaa tafsiri moja tu: mkwe ameshika pochi.

Nafika kwenye figo yenyewe. Kwa anayesubiri figo ya aliyefariki, Ujerumani husubirisha kwa kawaida miaka minane au zaidi, ikihesabiwa tangu siku ya kwanza ya mashine. Ndiyo maana macho yanageukia walio hai. Sheria ya upandikizaji ya 1997 inamruhusu mtu mzima mwenye akili timamu kumpa mzazi, mtoto, ndugu wa kuzaliwa, babu au bibi, mke, mume, mchumba, au mtu ambaye ukaribu wake na mgonjwa uko wazi. Tume maalumu ya utoaji wa viungo inawahoji wote kuhakikisha hakuna shinikizo wala biashara.

Hapo Kiswahili chetu kinatuangusha. Mtoto wa baba mdogo ni kaka yako, na hakuna Mtanzania atakayekusahihisha. Kwa tume si kaka. Atapaswa kuonyesha ukaribu halisi: picha za miaka, simu, safari, kwamba mlilelewa nyumba moja. Mkimwandika "kaka" kwenye fomu, kisha vyeti vya kuzaliwa vikaonyesha wazazi tofauti, mtaonekana waongo, na tume ikishaanza kushuku hairudi nyuma kirahisi. Vyeti vya RITA vitafutwe mapema, na majina yalingane na pasi herufi kwa herufi.

Kosa la pili ni shukrani. Kikao cha ukoo kinaamua: anayetoa figo ajengewe nyumba, au apewe shamba la Kibosho. Kwetu huo ni utu. Kwa sheria ya huku ni biashara ya viungo, na adhabu yake inafika kifungo cha miaka mitano. Kinachoruhusiwa ni gharama halisi: bima ya mgonjwa hulipia vipimo vya mtoaji, upasuaji wake, safari na kipato alichopoteza. Zaidi ya hapo hakuna ahadi, hata ya mdomo.

Na msimnunulie mtu tiketi kabla ya vipimo vya mwanzo nyumbani: kundi la damu, presha, sukari, mkojo, kazi ya figo, virusi vya homa ya ini na VVU, kifua kikuu, na kichocho kwa aliyekulia kando ya Ziwa Victoria. Wengi wanaojitolea kwa moyo safi hukutwa na presha ambayo hawakuijua. Ni afadhali ijulikane Mwanza kuliko baada ya kutua Frankfurt. Kipimo hicho pia kinampa mtu nafasi ya kukataa kwa siri. Daktari anaweza kusema tu kwamba hafai, bila kueleza sababu. Linda nafasi hiyo. Kijana anayeogopa upasuaji huku baba zake wanne wamemkodolea macho hana hiari yoyote.

Wakwe wengi hawajui kwamba mwenza mwenyewe anaweza kutoa. Damu ya ukoo si sharti. Figo za wanandoa hufanya kazi vizuri, na hata makundi ya damu yasiyolingana yana njia yake sasa. Mnamo Agosti 2010 Frank-Walter Steinmeier, wakati huo kiongozi wa upinzani bungeni, alimpa mkewe Elke Büdenbender figo yake. Ndiye huyo huyo aliyesimama Songea tarehe 1 Novemba 2023 akiwa Rais wa Ujerumani na kuomba msamaha kwa maovu ya ukoloni. Wazee wanamkumbuka. Mzee anayesema "Mzungu hawezi kumpa mtu wetu kiungo" aambiwe habari hiyo kwa upole.

Kuna wanaosema mrudisheni, Muhimbili wanapandikiza. Ni kweli: Muhimbili walianza Novemba 2017, na Hospitali ya Benjamin Mkapa ya Dodoma ikafuata 2018. Ni fahari yetu na ninaisema bila kusita. Lakini mwenye kibali cha kuishi Ujerumani akikaa nje zaidi ya miezi sita bila ruhusa, kibali kwa kawaida kinakufa, na bima yake hailipii upasuaji aliousafiria. Kwa aliyekwisha kuwa ndani ya mfumo wa huku, mimi naona abaki.

Swali linalouma kuliko yote ni la wajukuu. Mke aliye kwenye mashine hushika mimba kwa nadra. Baada ya kupandikizwa, madaktari hutaka asubiri angalau mwaka mmoja, na dawa iitwayo mycophenolate lazima ibadilishwe wiki sita au zaidi kabla, kwa kuwa inaharibu mtoto tumboni. Mama mkwe asiyejua hayo ataona mwaka wa tatu bila mtoto na kuanza kumtafutia mwanawe mke mwingine. Hapa mume ndiye aseme. Si mke, na si kwa ujumbe wa simu. Apige, amwambie mama yake kwamba daktari ndiye amesema wasubiri, na kwamba hatasikiliza jina la msichana yeyote. Mwanamume anayekaa kimya hapo amemwacha mkewe peke yake na ugonjwa.

Mama akija kumuuguza mwanawe, aletwe kwa utaratibu: viza ya siku 90 ndani ya siku 180, bima ya safari isiyopungua euro 30,000, na hati ya mwenyeji ya kubeba gharama zake, ambayo ada yake ni euro 29. Barua ya daktari iambatanishwe. Akifika ajue kwamba hospitali haina mkeka wa kulala ndugu, na kwamba wakwe zake Wajerumani watasubiri kualikwa ndipo waje. Wanaona wanampa nafasi.

Safari ya mgonjwa kwenda nyumbani inawezekana, na familia nyingi zinaikata tamaa bure. Bima ya umma inaweza kulipia mashine Tanzania hadi wiki sita kwa mwaka wa kalenda, kwa kiwango cha bei za Ujerumani, kama mgonjwa ana ushahidi kwamba kampuni za bima ya safari zimemkataa kwa ugonjwa wake, na kama bima yake imekubali kabla hajaondoka. Barua za kukataliwa kwanza, idhini pili, nafasi kwenye kituo cha mashine tatu, tiketi mwisho. Wanaoanza na tiketi hulipa mfukoni.

Kisha jiko la mama. Mtori ndicho chakula cha mgonjwa Uchagani, na ndizi imejaa potasiamu, kama maharage, mchicha, viazi na madafu. Potasiamu ikipanda moyo unaweza kusimama bila onyo, hasa mwisho wa wiki, pale mashine inaporuka siku mbili. Juisi ya mabirimbi isiguswe kabisa. Balungi nalo ni marufuku kwa aliyepandikizwa, linapandisha dawa mwilini. Maji kwa siku ni nusu lita pamoja na kiasi cha mkojo wa jana, na supu inahesabiwa. Wali na ugali wa sembe havina shida. Kama mtori ni lazima, ndizi zimenywe, zikatwe vipande vidogo, zilowekwe kwenye maji mengi, zichemshwe kwa maji mapya na maji hayo yamwagwe. Bakuli liwe dogo, na lisiwe la Jumapili.