Maliktori wa Roma: walinzi wa sheria au watu wa kutisha raia?

Mwaka 59 KK Marcus Bibulus, mmoja wa makonsuli wawili waliokuwa wakuu wa nchi, aliingia Forum, uwanja mkuu wa Roma, kupinga muswada wa ardhi wa konsuli mwenzake, Julius Caesar. Mbele yake walitangulia maliktori wake, yaani watumishi wa dola waliomsindikiza mkubwa, kila mmoja na tita la fimbo begani, limekazwa kwa mikanda myekundu. Wafuasi wa Caesar walimmwagia Bibulus kinyesi kichwani, wakavunja zile fimbo, wakamtimua. Sehemu kubwa ya mwaka uliobaki alijifungia nyumbani.

Kwa kisa hiki mtu anaweza kusema liktori alikuwa pambo tu. Sikubaliani. Liktori hakuwekwa pale apigane na umati. Kazi yake ilikuwa kumfungulia mkubwa njia, kumkamata aliyeamriwa akamatwe, kumchapa, na ikibidi kumkata kichwa. Wengi walikuwa watumwa walioachwa huru, wakilipwa na dola. Idadi yao ndiyo iliyotangaza cheo: konsuli 12, dikteta, mtawala wa muda wa wakati wa hatari, 24.

Wanaousifu utaratibu huu wana hoja nzito. Mapokeo ya Waroma yanasema kwamba wafalme walipofukuzwa, mwaka 509 KK, konsuli Publius Valerius aliagiza mashoka yaliyofungwa pamoja na fimbo yatolewe kwenye matita ndani ya mji, na matita yenyewe yainamishwe mbele ya mkutano wa wananchi. Yaani mkuu wa nchi anafika mkutanoni, na kabla hajafungua kinywa alama ya mamlaka yake inashushwa mbele ya watu aliokuja kuwahutubia. Raia aliyehukumiwa kifo aliweza kukata rufaa kwa wananchi hao hao. Watu 12 wenye fimbo wanaweza kumtia hofu mtu mmoja barabarani. Kuipindua nchi hawawezi.

Baadaye Augustus, kaisari (mtawala mkuu) wa kwanza wa Roma, aliunda kikosi cha Praetoria, maelfu ya askari wa kumlinda yeye. Mwaka 41 BK maofisa wa kikosi hicho walimuua kaisari Caligula. Mwaka 193 askari wa kikosi hicho walimuua kaisari Pertinax, kisha wakakinadi kiti cha enzi. Seneta tajiri Didius Julianus akakipata kwa kumwahidi kila askari sesteri (sarafu za Roma) 25,000. Ukiyaona hayo, udhaifu wa liktori unaanza kuonekana kuwa neema.

Lakini neema hiyo ilikuwa ya mjini. Nje ya mipaka ya Roma shoka lilirudishwa kwenye tita, na hapo ndipo sifa za utaratibu huu zinapoyumba. Gaius Verres alitawala Sicily, kisiwa kilichokuwa jimbo la Roma, kuanzia 73 hadi 71 KK. Katika hotuba za mashtaka dhidi yake, mwanasheria Cicero anamtaja liktori mmoja, Sextius, aliyekaa mlangoni pa gereza akiwatoza wazazi wa wafungwa. Kulikuwa na bei ya kuingia kumwona mtoto na bei ya kumpelekea chakula. Wazazi walilipa hata ili kijana wao auawe kwa pigo moja tu. Cicero alikuwa mwendesha mashtaka, na mwendesha mashtaka hutia chumvi. Hata hivyo, Verres mwenyewe hakungoja kesi iishe. Alitoroka kwenda uhamishoni.

Filipi nako, mji wa Makedonia chini ya Roma, kwa mujibu wa Matendo ya Mitume sura ya 16, Paulo na Sila walivuliwa nguo, wakachapwa fimbo hadharani bila kesi, wakatupwa gerezani. Kesho yake wakubwa wa mji wakawatuma maliktori wao kwenda kuwafungua. Paulo akagoma kutoka: sisi ni raia wa Roma, na waje wenyewe watutoe. Wakubwa wakaingiwa na hofu, wakaja, wakawabembeleza.

Kwa maoni yangu, wanaomsifu liktori kama mlinzi wa sheria wanampa sifa isiyo yake. Fimbo zilikuwa zile zile Roma, Sicily na Filipi. Kilichomzuia liktori ni haki ya rufaa, pamoja na watu waliokuwa tayari kuisimamia. Asiye raia hakuwa na rufaa hiyo. Na wale wafungwa wengine wa Filipi, ambao usiku ule walikuwa wakiwasikiliza Paulo na Sila wakiimba, hatuambiwi kwamba kuna mkubwa yeyote aliyekuja kuwabembeleza.