Shuka moja, grupu zima linacheka

Mtoto wa dada yangu kapata kazi ya usafi wa vyumba kwenye lodge moja huku Arusha, jina nalimeza. Wiki ya pili tu kashaaibishwa. Aligonga mlango akamwambia mama wa Kizungu amekuja kumbadilishia "sheet", ila kwenye mdomo wake ikatoka fupi, ikawa ile nyingine, yani kaja kumbadilishia mavi. Mzungu mwenyewe alitabasamu, akasema asante, yakaisha. Nani kakataa yaishe? Supavaiza, Mtanzania mwenzetu kabisa, aliyekuwa koridoni kasikia. Akampeleka jikoni alirudie lile neno mbele ya wenzake huku anamrekodi, na jioni klipu iko kwenye grupu la WhatsApp na vile vikatuni vya kucheka mpaka machozi.

Dogo akanipigia: "Mamdogo, hivi kwani nimesema nini?"

Hapo ndo nikapandwa na hasira, maana alikuwa hajui hata anachochekewa. Form four kamaliza, "sheet" anaijua ya karatasi na ya kitanda, hiyo nyingine angeitolea wapi, mwalimu aiandike ubaoni?

Jamani Kiswahili kina irabu 5. Kiingereza cha Waingereza kinahesabiwa sauti za irabu kama 20 na wanaziandika kwa herufi zilezile 5, halafu ati mjinga ni mtoto wa Usa River. "Hat", "hut" na "heart" kwetu zote ni hati tu, kawaulize wagumu wanaopandisha mizigo mlima Kilimanjaro wanaitaje kambi ya Kibo Hut, na watalii wao wanafika bila kupotea.

Ila kinachoniuma zaidi ni kwamba wenye lugha wenyewe wamechanganya vilevile. Chukua "ass". Kwenye Biblia yao ya King James ya 1611 huyo ni punda, yuleyule aliyempeleka Yesu Yerusalemu, na asili yake ni Kilatini. Makalio yalikuwa na neno lake kabisa, "arse", la Kiingereza cha zamani, ukoo mwingine, hawajuani. Wamarekani wakaimeza ile "r", kama walivyoimeza kwenye "curse" ikazaliwa "cuss" na kwenye "burst" ikazaliwa "bust", basi punda na makalio wakajikuta wamepangishwa chumba kimoja mpaka leo. Kuna mtu aliwapeleka jikoni akawarekodi? Thubutu, waliingizwa kwenye kamusi! "Cock" naye alikuwa jogoo wa watu na heshima zake, mtaani wakamharibia jina, Wamarekani wakaona isiwe shida wakahamia "rooster". Kumbe ukikosea na pasipoti yao mfukoni inaitwa historia ya lugha, ukikosea umeshika ndoo na dekio wewe ni komedi.

Na sisi si ndo tulisoma kibao cha "keep left" tukaita mzunguko mzima kipilefti? Mtu akikwambia anakusubiri kipilefti cha YMCA pale Moshi, unamcheka?

Sasa geuza. Nilikuwa Moshi mwezi uliopita, nakula kwa mama ntilie mmoja karibu na stendi, akaingia kijana wa Kizungu akaagiza kwa kujiamini kabisa: "Mama, naomba kaka na chipsi." Kaka! Mama wa watu alicheka mpaka akashika meza, halafu akampigia makofi, jamani huyu mtoto anajua Kiswahili, muongezeeni kachumbari. Na mimi nilipiga makofi, sikatai. Ila dogo wetu nani kamuongezea kachumbari?

Haya, najua mtasema kazi ya wageni inataka ulimi wa wageni. Sawa. Angeitwa pembeni dakika mbili akaambiwa vuta hiyo "i", ingetosha. Nimemfundisha mwenyewe kwa simu, nikamwambia vuta kama unamwita mtu yuko ng'ambo ya korongo, akavuta, tukacheka wote wawili, ikakaa.

Jana kanitumia voisi. Kuna wageni wanaondoka kesho kwenda Zanzibar, wakamuuliza anawashauri wakapumzike wapi kule. Jibu analo, ila neno la ufukwe kaliogopa, akafikiria weee, mwisho akawaambia waende "near the water".