Msimu wa Tisa Ulikuwa MB 12 Tu

Bwana wa video alifika saa nane mchana, diski ya nje mkononi, bodaboda ikimsubiri getini huku injini inanguruma. Ndani ya diski mlikuwa na video zote za send-off ya mdogo wangu, kamera mbili, GB 46. "Bosi, hamisha sasa hivi," akasema. "Jioni nina shughuli Kibaha, na diski hii naifuta nirekodie ya huko."

Nikafungua laptopu. Mstari wa diski C ulikuwa mwekundu kama pilipili, na chini yake maandishi madogo: zimebaki GB 2.9.

Kabla sijaendelea niwatetee wenye maduka, maana kuna watu hulalamika kwamba wamepunjwa. Laptopu yangu iliuzwa kwa jina la GB 256, lakini Windows inaonyesha 238. Hakuna aliyeiba. Mtengenezaji wa diski anahesabu GB moja kuwa baiti bilioni moja kamili. Windows inazichukua baiti zile zile na kuzigawa kwa 1,024 mara tatu. Ni tofauti ya kipimo tu, kama pishi la kwetu na pishi la kwao.

Katika hizo 238, mlaji nilimjua. Mpwa wangu, kidato cha pili, alikuja likizo na begi moja la nguo na fleshi mbili za magemu.

"Dakika kumi," nikamwambia mgeni. Mama watoto akamletea maji na kisahani cha karanga.

Nikaanza na aikoni. Kwenye desktopu zilikuwa tatu: mpira, lori, na yule kijana wa GTA San Andreas. Nikazichagua zote, Delete, kisha nikamwaga Recycle Bin nisiache ushahidi. Nikarudi kutazama C. GB 2.9. Nikabonyeza F5. GB 2.9. Aikoni ya desktopu si gemu, ni kifaili cha kama KB 2 kinachoonyesha njia ya kwenda kwenye gemu. Nilichofanya ni sawasawa na kung'oa kibao cha "Duka la Mangi" barabarani nikitegemea duka lihame. Mangi yuko pale pale na sukari yake. Mimi ndiye sasa nisiyejua pa kupita.

Ikabidi nimtafute kwa miguu. C, kisha Program Files (x86), nikashuka taratibu mpaka folda ya San Andreas. GB 4.3. Delete. Ikatoweka bila maneno. Nikatazama C kwa furaha: GB 2.9.

Hapo nikaanza kutokwa na jasho, na mgeni akaanza kutafuna kwa sauti. Kumbe kufuta kwa kawaida ni kuhama tu. Faili linakwenda Recycle Bin, na Recycle Bin yenyewe imo ndani ya C hiyo hiyo. Umetoa taka jikoni ukazirundika sebuleni, halafu unashangaa nyumba bado inanuka. Nikamwaga pipa, zikawa GB 7.2. Nikakumbuka pia kwamba ukishikilia Shift wakati unabonyeza Delete, faili halipiti pipani, linakwenda moja kwa moja. Ujuzi huo ulinifikia siku mbaya. Tangu dakika ile kidole changu cha kushoto hakikuondoka kwenye Shift.

Folda ya mpira, Pro Evolution Soccer 2017, ilikuwa GB 19, kwa sababu juu ya gemu lenyewe dogo alikuwa amebandika viraka vya jezi mpya, viwanja na ligi ambazo watengenezaji hawakuziweka. Shift, Delete. Windows ikagoma: folda inatumika na programu nyingine. Nikaangalia chini ya skrini, nikaona gemu liko wazi, limefichwa. Mpwa alikuwa amebonyeza Alt na Tab, akaliacha hivyo hivyo, akaenda kucheza mpira wa miguu yake mwenyewe.

Ctrl, Shift, Esc. Task Manager ikafunguka. Nikaona PES2017.exe, nikabonyeza End task. Sasa, ukifunga Word inakuuliza kama uhifadhi. End task haina adabu hiyo. Inakata kama umeme unavyokatika mtaani, aliyekuwa anapiga pasi na aliyekuwa ananyoa wote watajijua. Baadaye niliambiwa ilikuwa dakika ya 83 ya fainali na tulikuwa tunaongoza.

Nikarudia Shift na Delete. GB 19 ziliondoka kwa sekunde chache, maana gemu lile limefungwa kwenye mafaili machache makubwa ya cpk, na diski hufuta faili moja kubwa upesi kuliko maelfu ya vifaili vidogo. Sasa nina GB 26.2. Nikamwonyesha mgeni dole gumba.

Kwa usafi tu, nikaingia Settings, Apps, nikapanga orodha kwa ukubwa. PES ilikuwa bado ipo! Tena imeandikiwa GB 8. Idadi ile inaandikwa na kisakinishi siku gemu linapoingia, na haifuatilii viraka vinavyokuja baadaye, ndiyo maana orodha inaweza kusema 8 wakati folda imebeba 19. Nikabonyeza Uninstall. Windows ikanijibu kwamba haimwoni unins000.exe. Huyo ndiye mwondoaji rasmi wa gemu lenyewe, na makazi yake huwa ndani ya folda ile ile niliyoifuta. Kwa lugha nyingine, nilimzika marehemu pamoja na mchimba kaburi. Tangu mwanzo nilipaswa kumwita yeye afanye kazi yake, aondoe mafaili, aikoni na jina kwenye orodha kwa mkupuo. Dawa ya mzimu kama huo ni kushika alama ya Windows na R, kuandika appwiz.cpl, kuchagua jina na kubonyeza Uninstall hapo. Windows inakwambia huenda programu imeshaondolewa, je, ilifute jina? Ukikubali, yameisha.

Katika orodha hiyo nikaona na Steam, programu ya kununulia na kushushia magemu. Ilionekana ndogo, nikadhani ni mlango tu, gemu la lori litakuwa mahali pengine. Uninstall. Kumbe mlango ule una ghala nyuma yake: folda ya steamapps, ambamo magemu yote yaliyoshushwa kwa Steam yamelala. Ukiiondoa Steam, inaondoka na kila kilicholala humo. Wenye akili huingia Library, wanabonyeza gemu moja kwa batani ya kulia, Manage, Uninstall, na mengine yanabaki salama. Mimi nilichoma pori kumtoa sungura. GB 9 zikatoka, na kuzirudisha ni bando la watu wawili.

Jumla GB 35.2. Nahitaji 46. Getini bodaboda ikapigwa honi. Karanga zikaisha.

Ndipo nikaingia Documents, nikakuta folda tatu zimekaa kama watoto walioachwa stendi: KONAMI (hao ndio watengenezaji wa gemu la mpira), GTA San Andreas User Files, Euro Truck Simulator 2. Nikajiambia, mti umeshakatwa, tung'oe na visiki. Nikaanza na KONAMI. Shift, Delete, Yes. C haikutikisika. Folda nzima ilikuwa MB 12.

Wakati huo huo mpwa akaingia, magoti ya vumbi.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Umeshinda?"

Hakujibu. Macho yake yalikuwa kwenye skrini. Akasogea, akasoma majina ya folda mbili zilizobaki, akazihesabu tena kwa kidole.

"Mjomba, naomba kuuliza. Ile ya KONAMI umeihamishia wapi?"

"Lile ni takataka la gemu. Gemu lenyewe nimeshaondoa."

Akanyamaza. Mtoto wa Kitanzania akiwa na heshima anakuadhibu kwa kunyamaza. Kisha akasema polepole, kama anatoa taarifa ya msiba kwa simu: "Mjomba, gemu ninalo kwenye fleshi, dakika ishirini linarudi. Humo kwenye KONAMI ndimo ilimokuwa Master League. Msimu wa tisa."

Misimu tisa. Master League ni sehemu ya gemu la mpira ambamo unaongoza timu msimu baada ya msimu. Alianza, akanieleza, na timu ya daraja la chini na mshambuliaji wa miaka 17, na sasa mshambuliaji huyo ana miaka 25 na anawaniwa na Ulaya nzima. Yote hayo MB 12. Gemu ni jumba, lakini maisha ya mchezaji yanakaa kwenye kibweta kidogo, na kibweta hicho mara nyingi hakimo ndani ya jumba. Kimo Documents, au Saved Games, au kwenye AppData ambayo Windows huificha mpaka uende View ukaweke alama kwenye Hidden items. Waondoaji wengi wa magemu hukiruka kibweta hicho kwa makusudi, ili ukirudi siku moja uendelee ulipoishia. Mwondoaji ana huruma kuliko mjomba.

"Tutairudisha," nikasema kwa sauti ya kiume. Nikashusha Recuva, programu ya kufufua mafaili yaliyofutwa, nikaielekeza C. Ikasaka, ikaleta majina, na kati yake lilikuwemo faili la Master League, jina kamili na tarehe ya jana. Nikarukaruka. Mpwa akalirudisha, akalifungua, tupu. Sifuri mwanzo mpaka mwisho. Kwenye diski za zamani zile zinazozunguka, faili lililofutwa hubaki mpaka kitu kingine kiandikwe juu yake, kwa hiyo ukiwahi unaliokoa. Kwenye SSD, zile za kisasa zisizozunguka kama ya laptopu yangu, Windows hutuma amri inayoitwa TRIM, inayoiambia diski kwamba sehemu fulani hazihitajiki tena, na diski inazisafisha yenyewe. Jina linabaki kama kibao cha Mangi, lakini safari hii duka ndilo lililohama. Kama Documents ingekuwa imeunganishwa na OneDrive, stoo ya mtandaoni ya Microsoft, kuna pipa jingine mtandaoni linalotunza kitu siku 30. Yangu niliizima mwenyewe, nikiokoa bando.

"Kaka, vipi hiyo send-off?" Bwana wa video alikuwa amesimama nyuma yetu.

Mpwa akavuta kiti. Hakunilaumu, ila aliishika mausi kama daktari anavyomnyang'anya mganga mgonjwa. Akafungua folda ya Euro Truck Simulator 2. Humo mlikuwa na profiles, vifaili vya safari zake zote za lori, vyote salama, kwa sababu kidole changu hakikuwa kimefika. Yaani gemu niliyoiondoa kishenzi kuliko zote ndiyo iliyonusurika. Chini yake kulikuwa na folda ya mod: GB 11 za mabasi, barabara na honi alizokusanya, ambazo kuondoa gemu hakuzigusi kabisa. Nilipita karibu nazo nikikimbilia MB 12.

"Hizi nizitoe mjomba, nitashusha tena," akasema kwa unyonge. "Ila hata hivyo zitabaki MB 200. Windows ikikosa nafasi ya kupumulia itaganda katikati ya kuhamisha."

Akachomeka fleshi yake, akafungua WinDirStat. Ni programu ndogo sana. Inachukua diski nzima na kuichora kwa viboksi vya rangi, faili kubwa kiboksi kikubwa. Hiyo ndiyo hatua ya kwanza kabla ya kugusa chochote, na mimi nilikuwa naifikia ya mwisho. Ikahesabu kama dakika mbili. Mama watoto naye akaja kuangalia.

Kwenye kona kikajitokeza hiberfil.sys, GB 3.2. Hiyo ni nafasi ambayo Windows inajitengea ili izime huku imekumbuka ulichokuwa unafanya, kwa kawaida asilimia 40 ya RAM (kumbukumbu ya muda ya kompyuta), nami nina RAM ya GB 8. Mpwa akafungua Command Prompt kama msimamizi, akaandika powercfg /h off, kiboksi kikafa. Laptopu itachelewa kidogo kuwaka, basi.

Lakini hakuna aliyekuwa anaangalia kona. Katikati ya skrini palikuwa na ukuta. Viboksi 140, rangi moja, ukubwa unaokaribiana, vimepangwa kama matofali ya kuchoma. Mpwa akabonyeza kimoja. Njia ikaandikwa chini: Downloads, Telegram Desktop. Jumla GB 58.

Ilikuwa tamthilia ya Kituruki, ile iliyotafsiriwa kwa Kiswahili, sehemu ya 1 mpaka ya 140.

"Baba watoto," mke wangu akasema, "si ulisema usiku unafanya ripoti?"

Magemu yote matatu kwa pamoja, pamoja na mabasi ya mpwa, hayakufika hata GB 45. Nikatafuta pa kuangalia, nikaangalia kisahani cha karanga.

"Mjomba," mpwa akauliza, kwa heshima ile ile, kidole tayari juu ya Shift, "hizi nazo nifute?"

"Anza ya 1 mpaka ya 94," nikamjibu. "Ya 95 bado sijaiona."

"Ngoja, ngoja kwanza, usifute!" Bwana wa video alikuwa ameinama mpaka pua inakaribia skrini. Getini bodaboda ikapigwa honi mara tatu. Hakugeuka. "Mimi niliishia ya 61. Dogo, chomeka diski yangu kwenye lile tundu la buluu, ndilo la haraka. Nihamishie kuanzia 62, halafu ndiyo tuje kwenye send-off."