Namtetea askari aliyewarudisha

Chukua mtu wa Wete, Pemba, aliyekodi mikarafuu ya mwenzake ili achume karafuu za msimu. Pesa kazitoa mapema, mkono kwa mkono, na mwenye shamba kashazinunulia bati za nyumba. Msimu umefika, matawi yana majani matupu. Aliyekodi anataka chake, mwenye shamba hana. "Twende polisi!" Askari akiwaambia hili ni shauri la madai, nendeni mahakamani, anabaki na sifa mbili mtaani: mvivu, au kala cha upande wa pili.

Mimi namtetea.

Mlalamikaji ana hoja, tena si ndogo. Kituo ki karibu na hakina ada ya kufungua shauri. Mahakamani kuna hati ya madai, kuna tarehe, kuna kuahirishwa. Anayedai laki tano, nauli na siku za kazi zinaweza kumla nusu ya deni. Na matapeli wapo: mtu anakodisha shamba moja kwa watu watatu. Huyo ni wa polisi khasa, kwani alikusudia kudanganya tangu alipopokea pesa. Aliyepokea kwa nia safi kisha akakwama ni mdaiwa tu. Mpaka upo hapo, kwenye nia ya siku ya kwanza, na hapo ndipo watu wanapopachezea: deni linaandikwa "kujipatia fedha kwa njia ya udanganyifu", faili likafunguka.

Sasa akiwekwa ndani, nani hulipa? Si yeye. Angekuwa nazo asingelala mahabusu. Hulipa mama, anauza bangili. Hulipa kaka, anauza ng'ombe wa maziwa. Mahakama ikiamuru deni lilipwe, hushikwa mali ya mdaiwa. Kituo kikigeuzwa dirisha la kulipia madeni, hushikwa mali ya ukoo mzima ambao haukukopa hata senti. Na kama hakuna hukumu wala stakabadhi, mwakani anaweza kudaiwa deni lile lile, asiwe na karatasi ya kuonyesha. Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa, ambao Tanzania imo tangu 1976, unakataza katika ibara ya 11 kumfunga mtu kwa sababu tu ameshindwa kutimiza mkataba. Dini nayo inataka mwenye dhiki angojewe. Hilo Pemba hatuhitaji kufundishwa.

Ardhi ni vivyo hivyo, na Mahakama ya Ardhi ya Zanzibar ina sheria yake tangu 1994. Huku kwetu mti unaweza kuwa wa huyu na ardhi ya yule. Askari wa zamu atajuaje nani mwenye haki? Kazi yake ni kuzuia mapanga.

(Mume akimpiga mke, hilo si "la ndani" hata kidogo. Askari anayemrudisha mwanamke huyo simtetei.)

Askari wa Wete ninamlaumu kwa jambo moja: ufupi wa maneno. Angetumia dakika mbili kuwaelekeza kwa sheha, kiongozi wa serikali mtaani, wakaandikiana makubaliano mbele ya mashahidi, aliyekodi huenda angepata chake msimu ujao, karafuu zikija.