Ukame peke yake haukuleta lile vumbi

Makala yenu inasema vumbi lililofunika majimbo ya Kansas na Oklahoma, Marekani, miaka ya 1930 lililetwa na ukame. Sikubaliani. Ukame ulikuwa ukija na kuondoka kwenye mbuga zile tangu enzi na enzi, na udongo mwingi haukwenda popote, maana ulishikwa na nyasi zenye mizizi mirefu. Kilichobadilika ni plau. Sheria ya mwaka 1862 iliwapa walowezi hadi ekari 160 kila mmoja, kwenye ardhi walizonyang'anywa wenyeji wa asili, yaani Wacheyenne, Wakomanche na wenzao (hao mmewaruka kabisa, na inauma). Vita Kuu ya Kwanza ikapandisha bei ya ngano, matrekta yakaingia. Bei ilipoanguka, watu wakalima zaidi ili walipe madeni! Mvua ilipokatika, udongo ukaondoka na upepo. Tarehe 14 Aprili 1935 mchana uligeuka giza totoro. Akina mama walitundika mashuka mabichi madirishani na bado vumbi likajaa kwenye sahani. Baadaye ikapandwa miti ya kukinga upepo. Leo mingine inang'olewa ili mashine kubwa zipite. Tunaomba mwandishi alifuatilie hilo.